Kabla Bomba Halijapita

Wajukuu zangu wa Matamba, ninyi mnaoishi juu mmezoea kutazama chini. Ukisimama pale barabara ya Hamsini na Saba inapoanza kuteremka kwenda Chimala, kona baada ya kona mpaka zitimie hamsini na saba, unaiona Usangu yote imetandazwa mbele yako: majaruba ya mpunga, mapaa ya mabati, malori yakipishana kwenye barabara kuu ya Mbeya na Tunduma. Kuna kitu kimoja hukioni. Chini ya udongo, katika ukanda huo wa barabara kuu, limelala bomba la chuma lililofukiwa tangu 1968. Linaanzia Kigamboni, Dar es Salaam, linapandishwa nyanda za juu kwa nguvu za pampu, linavuka mpaka na kuishia Ndola, Zambia. Ni kilomita 1,710. Ndilo bomba la TAZAMA.

Nimeanza nalo kwa sababu leo nawasimulia habari za mabomba ya mafuta na watu wanaokaa njiani mwake, na sitaki mtoto wa Matamba adhani kwamba hayo ni mambo ya mbali.

TAZAMA lilizaliwa na ugomvi. Novemba 1965, walowezi wa Rhodesia chini ya Ian Smith walijitangazia uhuru, yaani uhuru wa wao kuendelea kuwatawala Waafrika. Zambia, iliyokuwa imepata uhuru wake mwaka mmoja tu kabla, ilikuwa inapata mafuta kwa njia za huko kusini. Njia zikafungwa. Mafuta yakawa yanapelekwa kwa ndege, yamejazwa kwenye mapipa, na kwa malori yaliyopita barabara ya vumbi kiangazi na tope masika. Malori yaliyopinduka yalikuwa mengi kiasi kwamba madereva waliipa barabara ile jina la jehanamu. Nyerere na Kaunda wakakubaliana bomba lijengwe, Waitaliano wakalijenga, na Zambia ikapumua.

Kwa hiyo asije mtu akawaambia kwamba bibi yenu anachukia bomba. Tarehe 10 Agosti 2019 lori la mafuta lilipinduka Msamvu, Morogoro. Watu wakakimbilia kuchota petroli, moto ukalipuka, na waliokufa walizidi 100. Anayesema mafuta yaliyo ndani ya chuma chini ya ardhi ni salama kuliko mafuta yanayokimbia barabarani ana hoja, na hoja hiyo msiidharau.

Lakini bomba haliwezi kupita hewani. Lazima lipite mahali, na mahali hapo pana wenyewe. Hapo ndipo penye hadithi.

Mwaka 2006 Uganda ilithibitisha kwamba kando ya Ziwa Albert kuna mafuta mengi. Uganda haina bahari. Mafuta bila bahari ni mali iliyofungiwa ndani, hayana pa kutokea. Kwanza walifikiria kupitia Kenya mpaka Lamu, kisha Aprili 2016 wakachagua Tanga. Mwezi huo uwekeni akilini, tutaurudia. Agosti 2017 Rais Magufuli na Rais Museveni waliweka jiwe la msingi huko Chongoleani, Tanga, na bomba likapewa jina la Bomba la Mafuta Ghafi la Afrika Mashariki. Wengi hulitaja kwa herufi zake za Kiingereza, EACOP. Urefu wake ni kilomita 1,443, na kati ya hizo 1,147 ziko kwetu Tanzania, katika mikoa minane kuanzia Kagera hadi Tanga. Mwenye hisa nyingi kuliko wote ni TotalEnergies ya Ufaransa, asilimia 62. Mashirika ya mafuta ya Uganda na Tanzania yana asilimia 15 kila moja, na Wachina wa CNOOC wana 8.

Mafuta yale yana nta nyingi. Mmeona samli inavyoganda hapa kwetu asubuhi ya mwezi wa sita? Basi nayo huganda hivyo hivyo, hata kwenye joto la Tabora. Ili yatiririke lazima yawe na joto la nyuzi 50 au zaidi safari nzima. Ndiyo maana mabomba yale ya inchi 24 yalipelekwa kwanza kiwandani Sojo, wilayani Nzega, yakavikwa koti nene la kuzuia joto lisipotee, na njiani yanapashwa kwa umeme. Hakuna bomba jingine duniani linalopashwa joto kwa urefu kama huo.

Sasa tuje kwa watu. Bomba lenyewe ni jembamba, mtu mzima analikumbatia, lakini linahitaji mkuza, yaani kipande cha ardhi chenye upana wa mita 30 kutoka mwanzo hadi mwisho. Tanzania peke yake mkuza huo uligusa watu zaidi ya 9,000 wenye mashamba, nyumba au miti. Wathamini walipita vijijini, kwa wengi ilikuwa 2018, wakahesabu migomba, mikahawa, mihogo na vyumba vya nyumba. Wakapiga picha, wakajaza fomu, watu wakatia sahihi au dole gumba. Kisha wakaambiwa kuwa baada ya tarehe ya ukomo wasipande tena mazao ya kudumu wala kujenga, kwa sababu kipya chochote hakitalipwa.

Wakangoja. Sheria zetu za ardhi za 1999 zinataka fidia iwe kamili, ya haki, na ilipwe mapema. Wengi hawakuiona mpaka 2022. Hebu hesabuni wenyewe: mtoto aliyekuwa darasa la kwanza wathamini walipokuja alikuwa amefika la tano, na nyumbani paa bado linavuja, kwa kuwa baba anaogopa kutengeneza nyumba itakayobomolewa. Baadaye kampuni iliongeza kiasi cha kufidia ucheleweshaji, na familia zilizopoteza makazi zilijengewa nyumba, nyingine nzuri kuliko za mwanzo. Haya nayo ni kweli na lazima yasemwe. Ila miaka ile ya kungoja hakuna fomu inayoirudisha.

Pana jambo jingine ambalo mthamini hulipata shida kulihesabu, nalo ni makaburi. Tunayo Sheria ya Kuhamisha Makaburi ya 1969. Inaruhusu Serikali kuhamisha kaburi kwa ajili ya kazi ya umma, mradi jamaa wapewe taarifa na taratibu za dini zifuatwe. Katika njia ya bomba la Uganda na Tanga, shirika la kidini la GreenFaith lilitoa ripoti mwaka 2023 likisema makaburi yaliyosumbuliwa katika nchi hizi mbili yanazidi 2,000. Yako yaliyohamishwa vizuri, sala ikasomwa, ng'ombe au mbuzi akachinjwa. Kwenye mengine familia zililalamika kwamba fidia ilikuwa ndogo, au kwamba kaburi lisilojengewa kwa saruji lilionekana kuwa si kaburi. Ninyi mnajua hapa kwetu makaburi mangapi ya mababu yana saruji.

Na kuna watu ambao kwao kaburi ndilo kanisa, ndilo baraza, ndilo hati ya ardhi. Wabarabaig na Wataturu ni wafugaji, matawi ya Wadatoga. Mzee wa heshima akifariki kwao, jamaa humjengea kilima cha udongo juu ya kaburi, kazi ya miezi, na vizazi huendelea kwenda pale kuomba na kutambika. Mwaka 1970 hivi Serikali, kwa msaada wa Kanada, ilianza mashamba makubwa ya ngano wilayani Hanang chini ya shirika la NAFCO. Yalikuja kuchukua hekta zipatazo 40,000 za malisho yao bora. Trekta halijui kilima cha kaburi na kichuguu. Makaburi yalilimwa. Kijiji cha Mulbadaw kikaenda mahakamani. Mahakama Kuu ikawapa haki wanakijiji, na mwaka 1985 Mahakama ya Rufani ikaupindua ushindi huo. Hii ilitokea nchini mwetu, wajukuu, wakati wazazi wenu ni watoto, na mkate wa ngano ile huenda waliula.

Safari hii ya bomba kumekuwa na tofauti kidogo. Waakie wa Kiteto na Kilindi, watu wachache sana wanaoishi kwa kurina asali na kuwinda, pamoja na Wataturu, waliendewa na kampuni, wakakaa vikao na wazee wao wa mila, na yakaandikwa makubaliano kuhusu mahali pao patakatifu. Wako wanaosema kikao chenye ofisa wa wilaya na gari la kampuni mlangoni si kikao cha kukataa. Mimi naona kuwa kuulizwa kwa kuchelewa na kwa woga ni bora kuliko trekta la Hanang, lakini bado si kuulizwa kwa kweli.

Kisha kuna maji. Karibu kilomita 460 za bomba ziko ndani ya eneo linalomwaga maji yake Ziwa Victoria, ziwa linalonywesha na kulisha mamilioni ya watu. Wenye mradi wanasema chuma ni kinene, kina vipima na mitambo ya kufunga mafuta haraka. Wanaopinga wanajibu kwamba kila bomba lililovuja lilikuwa na ahadi kama hizo. Desemba 2022 bomba liitwalo Keystone, huko Kansas, Marekani, lilipasuka likamwaga mapipa 13,000 hivi, mafuta yakaingia kijitoni. Na lilikuwa la kisasa, lenye vipima.

Sasa turudi Aprili 2016. Mwezi huohuo ambao Uganda ilichagua Tanga, upande wa pili wa dunia watu wachache walipiga kambi kando ya mto wa Cannonball, pale unapokutana na Missouri, Dakota Kaskazini. Ni nchi ya baridi. Matamba ya Julai ingekuwa joto kwao wakati wa baridi. Watu hao ni Walakota na Wadakota wa Standing Rock, wenyeji wa ile ardhi kabla Wazungu hawajavuka bahari. Mwenye uwanja waliopiga kambi alikuwa mama mmoja, LaDonna Brave Bull Allard, mwanahistoria wa watu wake. Juu ya kilima kimoja hapo alikuwa amemzika mwanawe.

Alikuwa akieleza habari ya mawe. Zamani, mito ile miwili ilipokutana, maji yalizunguka kwa nguvu na kuyaviringisha mawe mpaka yakawa duara kamili, na watu wake waliyaheshimu mawe hayo. Halafu wahandisi wa jeshi la Marekani wakajenga bwawa la Oahe, likakamilika 1962. Ekari zaidi ya 150,000 za Standing Rock na jirani zao wa Cheyenne River zikazama: misitu ya mtoni, mashamba, nyumba. Mzunguko wa maji ukafa. Mawe ya duara hayakutengenezwa tena.

Na sasa kampuni ilitaka kupitisha bomba la mafuta, Dakota Access, kilomita 1,886, chini ya bwawa hilohilo, juu kidogo tu ya mpaka wao. Hapa mtoto wa Matamba anaelewa upesi kuliko mtoto wa mjini. Maji ya Kitulo na Kipengere yanateremka Usangu, yanaingia Ruaha Mkuu, yanafika Mtera, Kidatu, hadi bwawa la Nyerere kule Rufiji. Tukichafua hapa, anayekunywa ni mtu wa chini. Standing Rock ndio watu wa chini. Na kuna kilichowauma zaidi: njia iliyofikiriwa mwanzoni ilipita upande wa juu wa mji wa Bismarck, ikaachwa, na sababu mojawapo ilikuwa ukaribu wake na visima vya maji ya mji huo. Yaani hatari ilionekana ni kubwa mno kwa wakazi wa mji, ikasogezwa kwa wenyeji.

Vijana ndio waliotangulia kupiga kelele. Wazee wao walikuwa na habari ya nyoka mweusi atakayekuja kuidhuru nchi, na vijana wakasema nyoka ndiye huyu. Kundi lao, wengine wakiwa na umri wenu, lilikimbia kwa miguu kwa kupokezana kutoka Dakota mpaka Washington, zaidi ya kilomita 3,000, wakibeba sahihi za watu zaidi ya laki moja. Walifika Agosti. Kambi ikakua mpaka ikawa na maelfu, na bendera za mataifa ya wenyeji zaidi ya 300 zikapangwa njiani.

Tarehe 3 Septemba 2016 ilikuwa Jumamosi. Siku iliyotangulia mawakili wa Standing Rock walikuwa wamepeleka mahakamani maelezo ya makaburi na alama za mawe zilizokutwa kwenye njia ya bomba. Jumamosi hiyo kampuni ikaleta matingatinga na kulima pale pale. Watu walipoingia kuzuia, walinzi wakawaachia mbwa. Allard alikumbusha kwamba tarehe kama hiyo mwaka 1863 jeshi liliwaua watu wake huko Whitestone, na nyanya wa mababu zake, akiwa na miaka tisa, alikuwa mmoja wa walionusurika. Novemba ilipofika, usiku wa baridi ya kugandisha, polisi waliwamwagia maji kwa mipira ya shinikizo.

Desemba jeshi lilikataa kutoa kibali cha kupita chini ya bwawa, watu wakacheza ngoma kwenye theluji. Januari rais mpya, Donald Trump, akaamuru jambo liharakishwe. Februari 2017 kambi ikafungwa, Juni mafuta yakaanza kutiririka.

Mtaona kwamba kotekote swali la mahakamani lilikuwa la wakati. Jaji James Boasberg aliamua mwaka 2020 kwamba jeshi halikufanya tathmini kamili ya mazingira kabla ya kutoa ruhusa, akaagiza ifanyike. Kumbukeni bomba lilikuwa limekwishafanya kazi miaka mitatu. Akaamuru limwagwe mafuta liwe tupu, mahakama ya juu ikalizuia agizo hilo. Kwetu, Novemba 2020 mashirika manne, mawili ya Uganda, moja la Kenya na moja la Tanzania, yalifungua kesi katika Mahakama ya Haki ya Afrika Mashariki, Arusha, kupinga bomba la Tanga. Tarehe 29 Novemba 2023 majaji waliitupa bila kugusa maji wala ardhi. Mkataba wa Jumuiya unataka mlalamikaji afike ndani ya miezi miwili tangu jambo kutendeka, nao walionekana wamechelewa kwa miaka. Walikata rufaa. Mimi si mwanasheria, lakini najua mkulima wa Kagera mwaka 2017 hakuwa na nakala ya mkataba wa marais kuhusu bomba chini ya godoro lake.

Wenye umri wa kaka zenu hawakungoja mahakama. Oktoba 2022 wanafunzi tisa walikamatwa Kampala walipoandamana kuliunga mkono azimio la Bunge la Ulaya lililoukosoa mradi. Serikali za Uganda na Tanzania, kwa upande wao, ziliwajibu Wazungu kwa ukali: ninyi mmechoma mafuta miaka 150 mkatajirika, leo mnatufundisha sisi? Swali hilo nalo ni zito, na Mzungu aliyelijibu vizuri sijamsikia. Ila mwenye kaburi njiani hakuwa Mzungu.

Najua mtaniuliza nani alishinda. Bomba la Dakota linafanya kazi mpaka leo. La Tanga, kufikia 2025, ujenzi wake ulikuwa umepita robo tatu. Walakota wamewahi kushinda moja, la Keystone XL, lililofutiwa kibali Januari 2021 na kampuni ikaliacha.

Lakini kuna deni la zamani kuliko hayo yote. Mkataba wa 1868 na Serikali ya Marekani ulisema Milima Myeusi ni ya Walakota. Mwaka 1874 ikaonekana dhahabu, na mkataba ukavunjwa. Mwaka 1980 Mahakama Kuu ya Marekani ilikiri kuwa milima ile ilichukuliwa kinyume cha haki, ikathibitisha fidia ya dola zaidi ya milioni 100. Walakota wakaikataa. Fedha ziko hazinani, riba imezikuza zimevuka dola bilioni 1, na wengi wa wenye haki nazo ni miongoni mwa watu maskini kabisa wa nchi ile. Kila wanapoulizwa, wanajibu kwamba hawakuuza, na wanachodai ni milima yao.